Mikono Iliyougua kwa Bi Tunu

Huchoka moyo, husingiziwa mkono.

Wajukuu wa Bibi Namsifu waliyasikia maneno hayo uani kwa jirani. Mama mmoja alikuwa akimwambia bintiye aliyerudi likizo kutoka kazini mjini, naye binti amejifunga kitambaa kwenye kifundo cha mkono. Wajukuu walicheka, wakadhani ni utani wa mama na mwana. Yule mkubwa wao hakuridhika, akauliza: "Bibi, mkono umeingiaje hapo? Na ni nani aliyeusingizia?"

Bibi Namsifu akasogeza ungo wa mchele pembeni, akawaambia waketi, kwa kuwa maneno yale yana wenyewe na yana mahali yalipozaliwa. Kisha akawasimulia.

Zamani, kabla magodoro ya sponji hayajaenea, watu walilalia sufi. Katika mji mdogo wa Kwemsufi, chini ya milima ya Usambara, palikuwa na karakana ya magodoro ya mwanamke mmoja aliyeitwa Bi Tunu binti Mhina. Misufi ilikuwa mingi pande zile. Matunda yake yakipasuka, sufi ilipeperuka mji mzima hata ikaingia kwenye vikombe vya chai, na watu waliipuliza kando wakaendelea kunywa.

Bi Tunu alianza kushona magodoro peke yake sebuleni kwake baada ya kufiwa na mumewe. Kazi ilipokua akaongeza mtu, akaongeza na mwingine, mwisho akajenga banda la mabati karibu na stesheni ya gari moshi. Fundi wake mkuu alikuwa Semhando, mtu mwembamba mwenye masharubu, aliyeishika shazia, ile sindano ndefu ya kushonea magodoro, kwa wepesi kama karani anavyoshika kalamu. Alikuwapo Mwantumu, mwanamke wa makamo mwenye sauti ya kusikika hadi sokoni, hodari wa kuchambua sufi na kuitoa mbegu. Na alikuwapo Hoza, pande la mtu, mpole, ambaye akishindilia sufi ndani ya foronya ya godoro banda zima lilitikisika. Wengine walikuwapo pia, ila hao watatu ndio waliokuwa nguzo.

Desturi ya banda lile ilikuwa hivi: mteja akifika, haishii mlangoni. Alipita ndani mpaka kwa mafundi. Kama ni bwana harusi, Mwantumu alimpima kwa macho toka utosini hadi unyayoni, akamuuliza, "Upana je? Leo mko wawili. Mwakani je?" Watu wakacheka, bwana harusi akaona haya, godoro likakatwa pana. Kama ni mjamzito, Hoza alimuuliza alegeze wapi na ashindilie wapi. Kila fundi alianza godoro pamoja na mwenzake, wakalimaliza wenyewe, na likiisha Semhando alilipiga kofi, kama mkulima ampigavyo kofi ng'ombe wake mgongoni, akasema, "Haya, nenda ukalalishe watu."

Kazi ilikuwa nzito, vumbi la sufi liliwasha pua, lakini hakuna aliyesikika akilalamikia mwili.

Sasa, mlimani ikajengwa shule ya bweni ya wasichana. Mkuu wa shule, mwanamke aliyeitwa Mwalimu Nakijwa, alishuka Kwemsufi akaagiza magodoro ya mabweni yote, yawe tayari kabla ya kufunguliwa muhula. Bi Tunu alikubali kwa furaha. Alipobaki peke yake ndipo hofu ikamwingia. Hajawahi kupata kazi kubwa namna ile. Akishindwa, watoto wa watu watalala kwenye sakafu ya saruji katika baridi ya mlimani, na jina lake litakuwa limekwisha.

Siku zile alikuwa amekwenda Tanga kumwona dada yake, na huko shemeji yake akampitisha katika kiwanda kimoja kikubwa. Bi Tunu aliona watu wamepangwa safu: huyu anakaza, yule anapaka, wa tatu anafunga, na hakuna anayeinua kichwa. Vitu vilitoka pale kama maji ya bomba. Alirudi Kwemsufi macho yamemtoka.

"Tulikuwa tunacheza," aliwaambia mafundi wake. "Tangu leo kila mtu na kazi yake moja. Mwantumu, wewe ni kuchambua tu. Hoza, kushindilia tu. Semhando, wewe una mkono mzuri kuliko wote, kwa hiyo utashona pembe. Pembe ndizo zinazofumuka. Wengine watashona ubavuni."

"Pembe tu?" aliuliza Semhando.

"Pembe tu. Na wateja wasiingie tena ndani, wanatupotezea muda. Nitawapokea mimi mlangoni."

Akaita seremala, akajenga ukuta wa mbao kutenga mafundi na mlango wa mbele, na ukuta mwingine kutenga wachambuaji na washonaji, sufi isiwasumbue. Katikati pakaachwa dirisha dogo la kupitishia vitu. Bi Tunu mwenyewe, ambaye zamani alianza siku kwa kumwamkia kila mtu na kuuliza habari za nyumbani, sasa aliingia mbio, akatupa jicho kwenye rundo, akatoka mbio. Hakuwa amekuwa mtu mbaya. Alikuwa anaogopa, na mwenye hofu huwa hana salamu.

Kwanza mambo yalikwenda vizuri, magodoro yakapandana hadi karibu na paa, na Bi Tunu akajisifu moyoni. Kisha, asubuhi moja, Semhando alikuja ameshika mkono wa kulia kwa mkono wa kushoto, kama mtu aliyebeba kifaranga.

"Unauma," alisema. "Toka hapa kwenye kifundo mpaka begani."

Bi Tunu aliingiwa na wasiwasi wa kweli. Alimpa ruhusa, akamchemshia yeye mwenyewe maji ya chumvi. Haikusaidia. Akamtafutia mafuta ya nyonyo. Haikusaidia. Akampeleka kwa Bwana Shembilu, mkandaji wa viungo aliyesifika wilaya nzima. Shembilu akauvuta ule mkono, akaukunja, akaubinya kila mahali, mwisho akasema, "Mkono huu ni mzima. Ungekuwa wangu ningeulimia shamba jipya." Wakaenda zahanati, mganga naye akasema hivyo hivyo, akatoa vidonge ili wasitoke mikono mitupu.

Wiki haijaisha, kifundo cha Mwantumu nacho kikaanza. Kisha bega la Hoza. Kisha vidole vya washona ubavu, kimoja baada ya kingine, mpaka banda zima likawa ni bandeji na mafuta. Harufu ya nyonyo ilishika kila kitu. Mteja mmoja, bwana wa makamo, alirudisha godoro lake amelibeba kichwani mwenyewe, akasema, "Bi Tunu, kila nikilala naota niko wodini."

Rundo likaacha kupanda. Godoro lililokuwa likimalizika asubuhi sasa lilifika jioni halijafungwa pembe. Bi Tunu aliongeza ukali, na mikono ikazidi kuuma. Akaahidi zawadi, wakashukuru kwa adabu, na mikono ikaendelea kuuma. Yeye mwenyewe mgongo ulimbana tangu aamkapo hadi alalapo, ila hakumwambia mtu. Alihesabu kuwa ni umri.

Jumamosi moja kukawa na harusi kwa jirani yao Mzee Kilo, anayemwoza binti yake wa mwisho. Mafundi waliomba waondoke mapema. Bi Tunu alikubali kwa shingo upande, akajisemea kwamba wagonjwa hawa angalau watapumzika. Mchana akajifunga kanga mpya, akachukua kapu la ndizi za mchango, akaenda.

Alizikuta sauti kabla ya kuikuta nyumba. Vigelegele, mchi ukitwanga, na juu ya vyote sauti ya Mwantumu akiongoza wimbo. Bi Tunu akachungulia kwenye upenyo wa uzio wa mabua.

Mwantumu alikuwa amekaa juu ya mbuzi, anakuna nazi. Vifuu vilikuwa vimemzunguka kama bakuli za karamu, na mkono wake ulikwenda na kurudi bila kupumzika. Hoza alipita na pipa la maji begani, bega lile lile, na juu ya bega la pili amempandisha mtoto wa watu anayecheka. Na mbele ya sufuria ambayo mtu mzima angeweza kuogea, Semhando alikuwa amesimama amevua shati, anageuza pilau kwa mwiko mrefu kama mpini wa jembe. Anauzungusha kwa mkono wa kulia. Na anacheza miguu.

Bi Tunu alihisi damu imempanda kichwani. Kumbe! Nyonyo yote ile. Maji ya moto yote yale. Akausukuma mlango wa uzio, akaingia, akaweka kapu chini kwa kishindo. Wimbo ukakatika. Mwiko ukasimama katikati ya pilau.

"Mkono vipi, Semhando?" aliuliza.

Semhando aliutazama mkono wake kana kwamba ndiyo kwanza anauona.

"Hauumi," alisema polepole.

"Ahaa. Hauumi. Na Jumatatu kazini?"

Semhando alifikiri. Ni mtu asiyeweza kudanganya hata kama uongo ungemfaa. "Jumatatu utauma," alisema.

Watu wawili watatu wakaguna kicheko. Bi Tunu hakucheka. "Unanifanyia mzaha mbele ya watu?"

"Haki ya Mungu, Bi Tunu, sikufanyii mzaha. Nikiishika shazia asubuhi unaanza hapa, unapanda. Nalala nao, nimeshindwa hata kumshika mwanangu. Leo nimekuja hapa, nikapewa mwiko, nikasahau kwamba ninaumwa. Mimi mwenyewe nashangaa kama wewe unavyoshangaa."

Bi Tunu alifungua kinywa ajibu, lakini mama wa bibi harusi hakumpa nafasi. Harusi haingoji ugomvi wa watu. Alimshika mkono, akamkalisha juu ya mbuzi nyingine kando ya Mwantumu, akampa nazi. "Shoga, kwanza nazi, maneno baadaye. Tui halijatosha."

Basi Bi Tunu, bosi wa karakana, akawa anakuna nazi. Alikuna ya kwanza kwa hasira. Ya pili kwa hasira kidogo. Walipoanza tena wimbo, kinywa chake kikaitikia kabla hajakipa ruhusa. Wanawake walikuwa wakisemana na kutaniana. Mmoja alimuuliza habari za dada yake wa Tanga, mwingine akamsifia kanga. Alipoinama kuchukua nazi nyingine, akabaki ameinama hivyo hivyo.

Mgongo haukumwuma.

Alijinyoosha. Akajikunja tena. Hakuna kitu. Mgongo uliomtesa tangu ule ukuta wa mbao ujengwe ulikuwa kimya kama umepewa dawa. Na kazi aliyokuwa akiifanya, kukaa umeinama juu ya mbuzi, ndiyo iumizayo migongo ya wanawake duniani kote.

Akasogeza mbuzi yake karibu na ya Mwantumu. Kisha akasema kwa sauti ya chini, "Mwantumu, niambie kweli. Kuna nini hapa kisichokuwapo kwangu?"

Mwantumu aliendelea kukuna, maana mambo mazito husemeka vizuri mikono ikiwa na kazi. "Nikuambie, hutakasirika?"

"Nitakasirika. Niambie hivyo hivyo."

"Hapa nikikuna nazi, naiona inaingia sufuria ile. Najua wali ule atakula nani, na bibi harusi ni mtoto niliyembeba. Kwako nachambua sufi, naipitisha dirishani, basi. Siijui imekuwa nini. Ingekuwa inatupwa mtoni, nisingejua tofauti. Na Semhando, mwulize anaota nini usiku."

"Naota pembe," alisema Semhando kutoka kwenye sufuria, kwa huzuni. "Pembe tupu, hazina godoro. Mke wangu anasema nazihesabu usingizini. Mimi nilikuwa fundi magodoro, Bi Tunu. Sasa mtu akiniuliza kazi yangu, nimwambie mimi ni fundi pembe?"

Hapo watu wakaangua kicheko, na Semhando mwenyewe akacheka, machozi yakimtoka, ya moshi au ya kitu kingine.

Mwantumu akamalizia taratibu. "Na wewe, mama. Mwanangu alipata tetekuwanga, akaugua, akapona. Hukujua. Zamani ungekuwa wa kwanza kuja na uji. Sisemi kwa kukulaumu. Nasema kwa kuwa umeuliza."

Bi Tunu alishika ile nazi bila kuikuna. Lawama angeweza kuijibu. Ile haikuwa lawama. Alisema tu, "Pole, Mwantumu. Mtoto hajambo sasa?"

"Hajambo. Amekwisha vunja dirisha la watu."

Jumatatu asubuhi mafundi walipofika karakanani walimkuta Bi Tunu ana nyundo mkononi, amejifunga kibwebwe, anabandua mbao. Alikuwa amekwisha kujigonga kidole gumba. Hoza akampokea nyundo, akazing'oa zile kuta zote mbili kwa muda ambao ungetosha kunywa chai. Mwanga wa barabarani ukaingia mpaka ndani.

"Haya," alisema Bi Tunu. "Mmeamka salama nyote? Habari za nyumbani?" Akamsikiliza kila mmoja mpaka mwisho, hata yule mshona ubavu mwenye kisa kirefu cha mbuzi na wakwe. Kisha akasema: "Muhula unafunguliwa karibuni na rundo mnaliona. Nilidhani najua dawa, nikakosea. Nyinyi mnaonaje?"

Msije mkadhani walikubaliana mara moja. Walibishana hadi jua likawa utosini. Mwantumu alitaka kila kitu kirudi kama zamani. Semhando akasema hapana, kukata vitambaa vyote kwa pamoja kama walivyofanya katika utaratibu mpya kumeokoa muda sana, kubaki. Wengine walitaka Hoza ajifunze kushona. Hoza akainua mikono yake iliyo kama makafi: "Jamani, mnataka nishone na kidole changu humo humo?" Mwishowe wakajigawa katika vikundi vidogo: mchambuaji, mshindiliaji na washonaji wakae pamoja, wapokee kitambaa kilichokatwa, na godoro waliloanza walimalize wenyewe. Anayechoka kuchambua abadilishane na mwenzake. Bi Tunu aliogopa kwamba haitatosha, na alisema hivyo waziwazi. Wakamjibu kwamba na wao wanaogopa. Ajabu ni kwamba hofu ile, ilipokuwa ya wote, ilikuwa nyepesi kubeba.

Siku chache baadaye Mwalimu Nakijwa alishuka kutoka mlimani kuja kuona kazi ilipofika. Bi Tunu hakumzuia mlangoni. Alimpitisha hadi katikati ya vumbi la sufi, akamkalisha juu ya godoro. "Mwalimu, hawa ndio mafundi. Waambie wanamshonea nani."

Mwalimu alishangaa kidogo, kisha akasema. Aliwaambia kwamba wasichana watatoka pande nyingi, wengine safari ya gari moshi usiku na mchana. Wengi wamelala mkekani maisha yao yote, wakigawana na wadogo zao. "Mmoja alinifuata siku ya usaili," alisema, "akaniuliza kama ni kweli kila mtu atapata godoro lake. Nikamwambia kweli. Akaniuliza: 'Na nikijigeuza, hakuna nitakayemwamsha?'"

Semhando aliifuta shazia kwenye suruali yake mara mbili tatu bila sababu. Kisha Hoza akauliza, kwa uzito wote wa ufundi wake: "Wanalala chali au ubavu, Mwalimu? Nijue pa kushindilia."

"Wanalala vyovyote, baba. Wanakuwa wamechoka na vitabu."

"Basi nitashindilia sawasawa kote," alisema Hoza, akainuka akaenda zake kazini.

Tangu siku ile shazia zilikimbia. Sisemi kwamba kazi ilipungua uzito. Ilizidi, maana muda ulikuwa umepotea. Vumbi lilikuwa lile lile, jioni walikwenda nyumbani wamechoka hoi. Lakini ulikuwa ni uchovu wa mtu anayekula akashiba akalala, si ule wa kujigeuzageuza. Mafuta ya nyonyo yaliisha harufu banda zima pasipo mtu kutambua ni lini. Semhando alirudia kuyapiga kofi magodoro yake, na sasa aliyaambia, "Nenda, na msichana wako akijigeuza, nyamaza."

Lori la shule lilipokuja kwa mara ya mwisho, magodoro machache yalikuwa bado hayajafungwa, na wasichana walikuwa wamekwisha anza kufika mlimani. Bi Tunu akasema, "Twendeni wote." Wakapanda juu ya mzigo na shazia zao, wakashona njiani kwenye kona za mlima, Semhando akiapa kila lori lilipoyumba, Mwantumu akiimba. Walipoingia uwanja wa shule, la mwisho lilikuwa limebakiza pembe moja. Wakamwachia Semhando. Aliishona amesimama uwanjani, wasichana wamemzunguka, alipoimaliza wakampigia makofi, naye akainama kama mwanasiasa.

Wasichana waliambiwa wasaidie kubeba hadi mabwenini. Wakabeba wakicheka, wawili wawili, godoro juu ya vichwa. Bi Tunu alimwona msichana mmoja amejitenga, ameketi juu ya sanduku lake la bati, ameushika mkono. Mlezi wa bweni alikuwa amemsimamia. "Kila mtu anabeba, wewe unakaa. Una nini?"

"Mkono unauma," alisema yule msichana, macho chini.

"Uliumia wapi?"

"Sijui. Unauma tu."

"Uvivu huo!" alianza mlezi. Lakini Bi Tunu alikuwa amekwisha fika, na Mwantumu nyuma yake. Walitazamana, wanawake wale wawili, na wote wakatabasamu, kwa sababu waliujua ule mkono kama wanavyojijua.

Bi Tunu akachuchumaa mbele ya yule msichana, akaupokea mkono wake, akauweka katikati ya viganja vyake.

"Mlezi, huyu si mvivu, wala si mwongo," alisema. "Mkono unamwuma kweli. Ila si mkono ulioanza. Mimi nilikuwa na karakana nzima ya mikono kama hii, nikaipaka mafuta mpaka nikachoka. Huchoka moyo, husingiziwa mkono." Kisha akamgeukia msichana. "Niambie, mwanangu. Nyumbani umemwacha nani?"

Msichana akainua macho. "Bibi yangu," alisema. "Nalala naye. Leo atalala na nani?" Na hapo machozi yakamwagika, mengi, ya safari nzima ya gari moshi.

Hawakumwambia anyamaze. Mwantumu alikaa naye juu ya sanduku, akamwuliza bibi huyo anaitwaje, anapenda nini, anakoroma au hakoromi. Msichana akasema anakoroma kama kinu cha kusaga, akacheka katikati ya kilio. Alipokwisha, akajifuta uso kwa kanga ya Mwantumu. Akasimama. Akalitazama rundo la magodoro, akachagua moja, akainama kulishika.

"Na mkono?" aliuliza mlezi wa bweni, safari hii kwa upole.

Msichana akaukunja mkono wake, akaukunjua. "Upo," alisema. Akabeba upande wake, mwenzake akashika upande wa pili, wakaenda.

Wasichana waliokuwa karibu walikuwa wamesikia yote, na wasichana wa bweni hawasikii neno likapotea. Usiku ule ule lilikuwa limezunguka vitanda vyote. Mwenzao akikataa kufagia, walimwambia, "Huchoka moyo, husingiziwa mkono," kisha wakakaa kando yake wakamwuliza ana nini. Likizo ilipofika wakapanda gari moshi, kila mmoja na upande wake, wa pwani pwani, wa bara bara, na neno likaenda nao masandukuni.

Bibi Namsifu akauvuta tena ungo wake wa mchele. Kisha akawaambia wajukuu zake kwamba wako watu wanaoitumia methali hii vibaya, wakidhani maana yake ni kwamba mtu anayelalamika kazini anajifanya. Hao hawajui ilikotoka. Semhando hakujifanya. Maumivu yake yalikuwa ya kweli. Kilichokosewa ni mahali pa kupaka dawa. Mtu wako akikuambia hawezi, mpeleke zahanati, ndiyo, kwanza mpeleke zahanati. Mganga akishindwa kuona kitu, usirudi na fimbo. Rudi na kiti, ukae, umwulize habari za nyumbani, umwonyeshe kazi yake inakwenda kwa nani. Na kama wewe ndiwe mkubwa wa kazi, anza kujipapasa mgongo wako mwenyewe.

Kwa maana mkono ni mnyonge, hauna kinywa cha kujitetea. Moyo ukichoka, huwa haujitaji. Huutuma mkono ukaseme kwa niaba yake. Ndiyo maana wazee wakasema: huchoka moyo, husingiziwa mkono.